Kasha la Bi Zamo Limejaa

Mzee Shekimweri alitoka chumbani kwake asubuhi amevaa kanzu nyuma mbele. Akasimama ukumbini, akamtazama Bi Zamoyoni kwa adabu ya mgeni aliyepotea njia, kisha akauliza nyumba hii ni ya nani.

"Yangu," Bi Zamo akajibu bila kuinua macho kwenye birika. "Na wewe ni mume wangu, usijifanye hujui. Njoo unywe chai."

Wapangaji waliokaa mkekani wakacheka. Utani huo ulikuwa wa kila siku. Kwa kawaida mzee angejibu kwamba yeye hana ubavu wa kuoa mwanamke mwenye mdomo kama spika ya arusini, na hapo siku ndiyo ingeanza. Asubuhi ile hakujibu hivyo.

"Niwie radhi, mama," alisema. "Mimi nina mke. Jina lake ndilo limenitoka, lakini ninaye."

Kicheko kikakatika. Mke wa mzee aliitwa Mwanamvua, alishafariki, na hakuna mtu katika nyumba ile ambaye hakumjua Mwanamvua kwa kusimuliwa: mapishi yake, wivu wake, alivyowahi kumfungia mumewe nje ya nyumba mvua ikinyesha. Mzee alimtaja mkewe katika kila mazungumzo, hata yakiwa ya mpira. Bi Tunu, shoga yake Bi Zamo wa chumba cha mbele, akaweka kikombe chini taratibu.

"Zamo," alinong'ona. "Kasha."

Bi Zamo alikuwa ameshasimama.

Kasha lilikaa chumba cha kati, palipokuwa zamani kabati la vyombo. Lilikuwa la chuma, kimo cha friji ndogo, likinguruma mchana kutwa kama paka aliyeshiba. Juu yake alikuwa amelitandikia kitambaa cha kufuma. Akakiinua. Kwenye kioo palikuwa pameandikwa kwa herufi nyekundu: NAFASI IMEKWISHA. KASHA LIMEANZA KUPUNGUZA LENYEWE, KUANZIA KWA MWENYE SIKU NYINGI.

Mwenye siku nyingi alikuwa mzee. Usiku uliopita kasha lilikuwa limemtafuna.

Homa ya ukungu ilipopita Tanga haikuua watu wengi. Iliwaacha wazima wa mwili, wakila, wakicheka, wakigombana, ila wakilala usingizi unawafuta kumbukumbu. Mgonjwa aliamka hajui jana, wala juzi, wala mama yake. Ndipo yalipokuja makasha. Mgonjwa alivaa kipuli sikioni. Mchana kipuli kilipeleka kashani kila alichokiona na kukisikia, na alfajiri, kabla hajafumbua macho, kasha lilimrudishia maisha yake yote. Kila nyumba ilipewa kasha moja, lililopimwa kwa familia ya watu sita. Kiwanda kilichoyatengeneza kilikuwa upande wa dunia ambao siku hizi haupokei hata simu. Ulilonalo ndilo hilo.

Bi Zamo homa haikumgusa. Alikuwa mmoja wa wachache waliobaki na vichwa vyao wenyewe, kwa hiyo akawa mtunza kasha wa nyumba yake ya Ngamiani. Na kwa kuwa ni Bi Zamo, mwanamke ambaye akiona mtu amesimama barazani lazima amvutie mkeka, kasha la watu sita lilikuwa sasa limebeba kumi na mmoja. Huyu kafukuzwa na ndugu, yule nyumba yao imeungua, mwingine alipita kuomba maji akanogewa na mazungumzo. "Nafasi ipo," ndivyo alivyowaambia wote. Hakuwa ameuliza mashine.

Akavuta kigoda, akaanza kusafisha. Alisafisha kama anavyosafisha stoo, kwa kulaani kila anachokishika. Mechi za mwanawe Kombo, futa. Picha za misuko za Bi Tunu, mia na ushei, kichwa ni kile kile, futa. Filamu ambazo kila mtu alisema ni za mwenzake. Video ya mbuzi. Akaenda kwenye jalala la mashine akakuta yote aliyoyafuta bado yamelundikana humo, akayamwaga. Kioo kikafikiri kidogo, kikarudi vile vile na herufi zake nyekundu.

Ndipo alipomwita Fundi Chande.

*

Fundi Chande alikuwa kijana mnene mwenye vidole laini, na sifa yake ilikuwa kwamba haingii nyumba mpaka anuse kinachopikwa. Alinusa, akaingia.

"Bi Zamo, umejaza," alisema baada ya kutazama. "Hapa hata sindano haipiti."

"Hilo hata mimi nimeliona. Nimekuita unieleze nisilolijua."

"Picha na mechi ni vumbi tu. Kilichojaza ni watu wenyewe. Sasa sikiliza." Akageuza kioo. "Nyumba yako ina shughuli nyingi. Maulidi, arusi, vikao vya barazani. Siku moja ya arusi iko humu mara kumi na moja, maana kila mtu ana ya kwake. Mimi naweza kuambia kasha lichukue siku mliyokaa pamoja, libakize moja, wote waitumie. Ni kama televisheni moja ukumbini badala ya kila chumba kuwa na yake."

"Itapatikana nafasi?"

"Nyumba nyingine itapata kidogo. Kwako, kwa jinsi mnavyopenda kukaa pamoja, mtapata ya miaka."

Bi Zamo alifurahi hata akamwongezea chai. Ilimpendeza kwamba kupenda watu kwake, jambo alilosemwa nalo mtaa mzima, ndiko kungewaokoa. "Na mzee?"

"Kilichotafunwa jana bado hakijaandikiwa kingine juu yake. Nafasi ikipatikana leo, kesho anaamka na mkewe. Ukichelewa, basi." Akabonyeza. Majina ya siku yakaanza kuteremka kwenye kioo moja moja, kila siku na alama ya kijani. Arusi ya binti wa jirani. Iddi. Maulidi. Siku ya mvua kubwa. Kisha mstari mmoja ukasimama, mwekundu.

Fundi akausoma kwa sauti. "Karamu ya Mfungo Sita. Mgongano. Tisa wanaafikiana, wawili wanapinga."

Bi Zamo hakuhitaji kuambiwa ni siku gani. Ndiyo siku aliyokufa Nasri, mtoto wa mpangaji wake Mwatumu, katika tangi la maji lililochimbwa uani. Mwatumu alichota maji akaacha tangi wazi, mtoto akaingia. Nyumba nzima ilijua hivyo. Mwenyewe tu ndiye aliyekataa. Alikataa kwenye matanga, alikataa mbele ya kikao cha mtaa, na hadi leo ukimgusa kidogo anasema: mimi sikulifungua lile tangi. Bi Zamo alimtetea kikaoni asivuliwe kipuli, akasema mama hawezi kuadhibiwa mara mbili, lakini watoto hapewi kuwaangalia, na maji huchotewa.

"Mmoja anayepinga namjua," Bi Zamo alisema. "Wa pili nani?"

"Mimi sifungui siku za watu. Hiyo ni haki ya mtunza." Fundi alikuwa ameshageukia harufu ya jikoni. "Ila uamue. Mashine inaunganisha siku zote au haiunganishi hata moja. Ikikuta mgongano inasubiri. Hapa unachagua wengi, au wachache, au uache. Ukiacha kwa kubonyeza hapa, hakuna kitu kitakachounganishwa, na usiku litamrudia mzee. Usipobonyeza chochote, wakilala wote litachukua wengi lenyewe."

"Na wale wachache?"

"Wataamka na ya wengi. Hawatajua kama walikuwa na nyingine. Hata wakikumbuka walivyosema zamani, wataona walikosea tu."

Alikwenda kula. Bi Zamo akafunga mlango wa chumba cha kati. Kuchungulia siku ya mtu kulihesabiwa sawa na kufunua pazia la bafuni akiwa ndani, na yeye katika miaka yote hiyo, pamoja na umbea wake wote, hakuwahi. Habari za watu alizitaka watu wampe wenyewe, kwa vinywa vyao, wakiwa wanakula. Sasa akajifunga kanga vizuri, akafungua.

Alianza na wale tisa. Siku ya Bi Tunu: mgongo wa Mwatumu, kanga ya kijani, ndoo kichwani, anatoka kwenye tangi anaelekea jikoni, mfuniko uko chini, na anaimba kaswida kwa sauti ndogo. Siku ya mzee: mgongo ule ule, kanga ile ile, kaswida ile ile. Akafungua ya tatu, ya nne. Zilifanana kama mandazi ya sinia moja. Ya tano ilikuwa ya mpangaji aliyehamia pale baada ya mtoto kuzikwa. Hakuwepo. Hakuwa hata Tanga. Na yeye alikuwa anauona mgongo wa Mwatumu.

Bi Zamo akaondoa mkono kwenye kioo.

Ile kaswida ilikuwa yake. Ilitoka mdomoni mwake mwenyewe, barazani, wiki ya pili ya msiba, alipokuwa anawasimulia wageni wa Pangani waliochelewa. Kombo ndiye aliyemwambia kwamba alimwona Mwatumu akitoka kwenye tangi. Bi Zamo aliichukua kauli hiyo akaitia nyama, maana habari kavu hailiki. Akainuka akaigiza mwendo wa Mwatumu, nyonga, ndoo, na wimbo juu yake, ili watu waone uzembe wenyewe ulivyokuwa. Walishika vichwa. Walimwambia arudie. Alirudia kwa kila aliyekuja.

Wagonjwa wa ukungu vichwa vyao havina mlango. Anachosimuliwa kikasimuliwa vizuri, anakiona, na akishakiona kipuli kinakipeleka kashani pamoja na vingine. Kasha halina namna ya kutenga jicho na sikio. Katika nyumba yenye watu wakimya jambo hilo lisingedhuru mtu. Hapa kwa Bi Zamo hadithi moja ilikuwa imekuwa mashahidi tisa, wote wa kweli, wote tayari kuapa.

Alibaki na wawili. Wa kwanza Mwatumu. Jina la pili akalisoma, akalisoma tena, kisha akafungua.

Ilikuwa mikono ya Kombo, aliijua kwa kovu la kidole gumba. Ilikuwa inainua mfuniko wa tangi, inauegemeza ukutani, inachota jagi la kunawisha wageni. Nyuma yake kelele za karamu. Halafu sauti ya mwanamke ikaita kutoka jikoni: Kombo, sahani za watu wa nje ziko wapi, mwanangu, watu wanangoja. Mikono ikachukua jagi ikaondoka. Mfuniko ulibaki umeegemea ukuta.

Hiyo sauti nayo ilikuwa yake.

Ya Mwatumu aliitazama kidogo tu. Vyombo, povu, mtoto anayevuta kanga ya mamaye anataka kubebwa, mama anasema subiri baba nimalize. Mara kanga haivutwi tena. Mwatumu anageuka. Alipoona miguu ya Mwatumu inakimbilia tangini, Bi Zamo akazima.

*

Alimkuta Kombo nyuma ya nyumba anatengeneza baiskeli, amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa. Alikuwa mwanawe wa pekee aliyebaki. Tangu msiba ule alikuwa amekonda, na Bi Zamo alikuwa akiwaambia watu kwamba kijana wake ana moyo mwepesi, anamlilia mtoto wa watu kama wa kwake.

"Kombo. Tangi alilifungua nani?"

Hakuacha kuzungusha spana. Alizungusha mpaka ikagoma.

"Umechungulia," alisema.

"Nimekuuliza swali."

"Nilitaka kurudi kulifunika, Mama. Uliniita, nikapeleka sahani, nikaambiwa nilete na maji ya kunywa. Nilisahau. Halafu nikasikia kelele." Alijifuta mikono kwenye suruali. "Nilikutamkia wewe neno moja tu, kwamba nimemwona anatoka pale. Kwa hofu. Nilidhani litapita. Kufika wiki ya pili limekuwa na wimbo."

Bi Zamo akajikaza kanga kiunoni.

"Kila asubuhi kasha linanirudishia," Kombo aliendelea. "Nyinyi wenye vichwa vyenu mnasahau kidogo kidogo, mnapunguziwa. Mimi naletewa mbichi. Mfuniko, jagi, wewe unaniita. Halafu natoka nje namkuta yule dada anaosha vyombo."

"Ungesema."

"Nikasema nini? Wanivue kipuli?"

Hakuwa anaogopa kitu cha mbali. Kikao cha mtaa kilikuwa na sheria moja iliyoshikwa kuliko zote: mgonjwa akimdhuru mwenzake wa kasha moja kisha akaficha, anavuliwa kipuli. Hapigwi, hafungwi. Anaachwa alale. Waliovuliwa ungewaona sokoni asubuhi, wamesimama pale pale walipoamkia, wanasubiri mtu awaambie wao ni nani. Bi Zamo alikuwa akiwapelekea uji. Mmoja wao alikuwa fundi cherehani wake wa zamani, na kila siku alimsalimia kama anamwona kwa mara ya kwanza, kwa furaha kabisa.

"Chande ameniambia mashine inachukua wengi," Kombo alisema. "Nilimsikia anamweleza Bi Tunu jikoni. Mama, wewe usifanye kitu. Kaa tu. Nikiamka kesho hata mimi sitajua. Nitakuwa namwona mgongo kama wenzangu." Kwa mara ya kwanza alimtazama. "Nimechoka kujua."

"Na yeye?"

"Yeye wote wameshamwona ndiye. Kitakachobadilika ni kwamba ataacha kubisha."

Bi Zamo alitaka kumpiga. Mkono ulinyanyuka, ukaishia begani kwake, ukakaa hapo. Bega lilikuwa mfupa mtupu.

*

Alasiri Mwatumu alikuwa uani, mbali na wengine, anachambua mchele kwenye ungo. Tangi lilikuwa limefunikwa na kuwekewa jiwe. Bi Zamo alisogeza kigoda akakaa karibu yake. Watu wa mkekani wakageuza shingo, maana hakuwa na kawaida ya kukaa upande ule.

"Mama Kombo," Mwatumu alisema. "Nasikia mnasafisha kasha."

"Tunasafisha. Mzee ameanza kupotea."

"Masikini. Leo ameniita kwa jina la mdogo wake." Alitupa jiwe dogo lililokuwa katika mchele. "Na mimi nilikuwa na neno. Siku zangu futeni mnazotaka. Utoto wangu mwingi ni wa njaa, haunifai kitu. Arusi yangu futeni, mwanamume mwenyewe alikimbia. Ila ile siku moja mniachie."

"Siku ile? Mwanangu, watu wanaomba siku kama ile zifutike."

"Najua. Ni mbaya. Lakini ni yangu." Alisema polepole, akiendelea kuchambua. "Nyumba nzima wananiona muuaji. Sikatai, ndivyo walivyosikia. Usiku nikilala najua, nikiamka najua, kwamba mkono wangu haukugusa mfuniko. Nilimwacha nikageukia vyombo, hilo kosa langu, nitamjibu Mungu. Lakini sikumfungulia shimo mwanangu. Ndicho kitu kimoja ninachokilalia, Mama Kombo. Mengine yote mmenitandikia nyinyi."

Bi Zamo alifungua mdomo. Katika maisha yake hakuwahi kufungua mdomo ukakosa cha kusema. Maneno yalikuwepo, machache tu, yangetosha kusemwa kabla mchele haujaisha kwenye ungo. Nimeona. Ni Kombo. Upande wa pili wa uwanja kijana wake alikuwa anajaribu baiskeli, anazunguka mduara mdogo, anamtazama.

"Nitamwambia fundi," alisema.

"Mungu akupe umri," Mwatumu akajibu.

Na kweli alimwambia. Alimkamata Fundi Chande mlangoni anatoka, meno anayachokoa, akamuuliza kama haiwezekani ile siku moja ibaki mbili: wengi na yao, wachache na yao.

"Bi Zamo, kasha halina siasa. Ni moja, au acha zote. Unataka kuacha? Bonyeza acha, umpoteze mzee. Unataka wachache? Bonyeza wachache, wote waamke na ya hao wawili. Mimi sijui ndani yake kuna nini na sitaki kujua, nina nyumba nyingine tatu za kwenda." Akashusha sauti. "Kwani kuna nini?"

Jana angemvuta pembeni. Angemwambia keti, nitakwambia, lakini usimwambie mtu.

"Hakuna kitu," alisema.

Akarudi kwenye kioo, akasimama mbele ya vile vitufe vitatu. Alijiambia mzee lazima aokolewe, na hiyo ilikuwa kweli. Kwa hiyo ACHA ilikuwa imeondoka. Zikabaki mbili. Akaweka kidole juu ya WACHACHE. Kioo kilikuwa cha moto kidogo. Akamwona Kombo amesimama sokoni asubuhi, mrefu, kovu la kidole gumba, anamshukuru kwa uji na kumuuliza, mama, kwani wewe unanijua?

Kidole hakikushuka. Hakubonyeza wengi pia. Alitaka aweze kusema hakubonyeza kitu. Akakifunika kioo kwa kile kitambaa cha kufuma, akatoka, na Bi Tunu akamsogezea nafasi mkekani akimwambia leo umeadimika, hebu tuchekeshe, mzee alikwambiaje asubuhi? Akaanza kusimulia alivyoitwa mama na mume wake mwenyewe. Alisimulia vizuri. Walicheka mpaka wengine wakalala chali. Mmoja mmoja wakaaga, wakaenda kulala.

*

Mzee Shekimweri alitoka na kanzu imekaa sawa. "Wewe mwanamke," alisema, "chai yako ya jana ilikuwa kama maji ya kuoshea vyungu. Mwanamvua angekutoa jikoni kwa mpini wa mwiko." Mkeka mzima ukashangilia. Bi Tunu alilia kwa furaha akamfuta mzee uso kama mtoto. Yeye akamuuliza ana nini, kafiwa?

Kombo alikula chapati tatu. Alipomaliza akapiga mluzi, akachukua baiskeli yake, na alipompita Mwatumu akapunguza mwendo akamwambia kwa upole wa kweli, "Pole dada. Sisi hatukuhukumu." Bi Zamo alimtazama usoni akitafuta kitu. Hakukuwa na kitu. Kulikuwa na kijana wake wa zamani, msafi, aliyelala usingizi mzuri.

Kwenye kioo palikuwa pameandikwa kwa kijani kwamba nafasi ipo ya kutosha.

Mwatumu hakuja mkekani. Aliingia jikoni, akachukua kisu, akakaa chini mbele ya muhogo. Bi Zamo alikuwa anakuna nazi.

"Mama Kombo, nimekuja kukuomba radhi."

"Radhi ya nini?"

"Ya ukaidi. Mlinivumilia. Nilikuwa nabisha, nabisha, mbele ya kikao, mbele ya watu wazima, na wewe ukanitetea huku unajua." Sauti yake ilikuwa tambarare kama ya mtu anayesoma. "Leo nimeamka nimeona. Natoka pale na ndoo. Mfuniko uko chini. Naimba, Mama Kombo. Sijui ni moyo wa aina gani nilikuwa nao."

Bi Zamo aliendelea kukuna. Kifuu kilikuwa kimekwisha nyama. Alikuwa anakuna gamba.

"Ila kuna kitu kimoja kinanisumbua," Mwatumu alisema. "Najiona kwa nyuma. Naiona kanga yangu mgongoni, nauona utosi wangu na ndoo juu yake. Siku zangu nyingine zote naona mikono yangu na kilicho mbele yangu. Hii tu. Mtu anajionaje mgongo?"

Moshi wa kuni ulikuwa unawaingia machoni wote wawili. Nje walikuwa wanamchokoza mzee asimulie Mwanamvua alivyomfungia nje, naye alikuwa anasimulia.

"Ni huzuni," Bi Zamo alisema. "Huzuni humtoa mtu ndani yake."

Mwatumu alifikiri juu ya hilo. Alikata muhogo vipande viwili, akavitia majini.

"Inawezekana. Lakini mimi na hawa wote kichwa chetu kimoja, kiko pale chumba cha kati. Sisi tukiulizana ni kama mtu anajiuliza mwenyewe. Wewe ndiye mwenye kichwa chako peke yako humu ndani." Aligeuka akamtazama, macho mekundu, yanasubiri. Hayakuwa macho ya kushuku. Yalikuwa ya mtu anayeomba ashikwe mkono avuke. "Ulikuwa humu jikoni siku ile, na dirisha hili linaona tangi. Niambie wewe, nitakuamini, sitauliza tena. Nilifunika au sikufunika?"

Bi Zamo aliweka kifuu chini. Kupitia dirishani alisikia kengele ya baiskeli ikilia kwa mbali, mara mbili, na mwanawe akimsalimia mtu.

"Hukufunika, mwanangu," alisema.

Mwatumu akatikisa kichwa kukubali. Akachukua muhogo mwingine, akaanza kuumenya.